Resi za siku moja: kazi inaisha kabla hujayaona mawe

Kila ikifika mwezi wa nne simu yangu inajaa meseji za washkaji wa nyumbani na swali ni lilelile, "oya, hao jamaa wanaokimbizana na baiskeli kwenye mawe, matope mpaka kwenye meno, ndo Tour de France yenyewe?" Hapana wadau, siyo Tour. Tour ni wiki 3 na mara nyingi inaangukia mwezi wa saba. Hizi ni resi za siku moja, mnaanza asubuhi, jioni anapatikana mshindi mmoja na wengine wote wanaenda kuoga, hakuna kesho ya kufidia. Na kwa watu wa huku ninakoishi hizi ndo resi zenyewe, hiyo Tour wengi wanaiangalia kwa sababu ni msimu wa likizo na hawana kazi nyingine ya kufanya.

Mimi ni fundi baiskeli. Kwetu ni Shinyanga, ambako resi si kitu kigeni, watu wanakimbia na baiskeli zilezile za kubebea magunia na wanatembea balaa, ila kazi naifanyia Gent, Ubelgiji, na wateja wetu wakubwa ni vijana wa timu ndogo ndogo pamoja na wazee wa mtaa ambao Jumamosi moja kabla ya wataalamu wanaruhusiwa kupita njia ileile ya resi kubwa, wanavunja spoku, wanapinda rimu, af Jumatatu wanatuletea. Kwa hiyo nikiongelea mawe, yaani zile barabara za zamani zilizotandikwa mawe badala ya lami, naongelea kitu ninachokiona kwa jinsi kinavyofanya vyuma, siyo kwa kuangalia TV tu.

Na hoja yangu nawapa mapema ili msisubiri. Watu wengi wakiangalia hizi resi wanadhani mshindi ni yule mwenye miguu mikali anayechomoka kwenye kilima au kwenye mawe. Miguu lazima iwepo, sikatai. Ila resi yenyewe inaamuliwa kilometa 2 au 3 kabla ya hapo, kwenye barabara ya kawaida kabisa ya lami ambayo kamera haiijali, pale watu 170 wanapogombea kuingia wa kwanza. Ukishaelewa hilo hutaangalia tena hizi resi kama zamani.

Kwanza tupitie majina haraka. Ziko tano zinazoitwa Monumenti, yaani resi kubwa kuliko zote za siku moja: Milano-Sanremo mwezi wa tatu, Tour ya Flanders na Paris-Roubaix na Liège-Bastogne-Liège mwezi wa nne, halafu Il Lombardia mwezi wa kumi. Ya zamani kuliko zote ni Liège, ilianza 1892, Roubaix ikafuata 1896, Lombardia 1905, Sanremo 1907, Flanders 1913. Nyingi zilianzishwa au kubebwa na magazeti yaliyotaka kuuza nakala, Flanders ilitoka kwenye gazeti la Sportwereld, Sanremo na Lombardia mpaka leo ziko kwa kampuni mama ya La Gazzetta dello Sport. Mpaka mwisho wa 2025 waliowahi kushinda zote tano ni Wabelgiji watatu, Rik Van Looy, Eddy Merckx na Roger De Vlaeminck. Merckx peke yake ana Monumenti 19, na hiyo namba nikiitaja karakanani wazee wanavua kofia. Kwa hesabu za sasa za shirikisho la dunia, ukishinda Monumenti moja unapata pointi 800 wakati kushinda hatua moja ya Tour de France ni pointi 210, kwa hiyo hata ofisini wanajua siku moja ya Aprili ina uzito gani.

Sasa Flanders. Resi ina kilometa 270 hivi na inamalizikia Oudenaarde tangu 2012, zamani ilikuwa inaishia Ninove upande wa Meerbeke baada ya kupanda ule ukuta wa Geraardsbergen, na kuna watu hapa hawajasamehe hayo mabadiliko mpaka leo, ukitaka kufukuzwa baa waambie njia mpya ni bora (mimi naona ni bora, ila nasema kwa sauti ndogo). Vilima vyake ukivisikia kwa namba unaweza kucheka. Paterberg ina mita 360 tu. Koppenberg mita 600. Oude Kwaremont ndo ndefu, kilometa 2 na ushee. Mtu wa Lushoto au Mbeya atauliza, hicho nacho ni kilima? Ndiyo, kwa sababu Koppenberg inafika mwinuko wa asilimia 22, juu ya mawe, na njia ni nyembamba kiasi kwamba gari moja likipita umebanwa ukingoni. Mwaka 1987 Jesper Skibby wa Denmark alianguka pale akiwa anaongoza peke yake, gari la waandaaji nyuma yake likapita juu ya baiskeli yake huku mguu bado uko kwenye pedali, nusura limkanyage na yeye, na kilima kikatolewa kwenye resi mpaka 2002 kilipotengenezwa upya.

Hebu fikiria wembamba huo unafanya nini. Kundi linakuja kwa spidi ya 60 kwa saa kwenye barabara ya lami yenye upana wa kutosha watu 8 au 10 sambamba. Mbele kuna kona kali, baada ya kona mawe yanaanza na njia inabaki ya watu watatu, tena wawili wanaoteleza. Ni daladala zote za Kariakoo zinataka kuingia kituo chenye nafasi mbili. Wa kwanza mpaka wa kumi wanaingia na spidi yao yote, hawashiki hata breki. Wa 20 anagusa breki kidogo. Wa 40 anashika breki sawasawa. Wa 80 anasimama, anaweka mguu chini, na akishaweka mguu chini kwenye mwinuko wa asilimia 20 juu ya mawe yaliyolowa, kuanza tena kukanyaga haiwezekani, anashuka na kusukuma. Wote hao 80 wanaweza kuwa na nguvu sawa, hakuna aliyechoka kuliko mwenzake, ila juu ya kilima wa kwanza ameshamuacha wa 80 kwa dakika nzima, na wa kwanza hata hajaanza kushambulia bado.

Mfano mzuri ni 2024. Mvua ilinyesha, Koppenberg ikawa sabuni, na Mathieu van der Poel aliingia akiwa mbele kabisa, akapanda amekaa kwenye siti hajainuka, maana ukiinuka tu tairi la nyuma linapoteza mshiko na linazunguka bure. Nyuma yake kundi karibu lote likashuka na kutembea kwa miguu, mabingwa wa dunia nzima wanasukuma baiskeli za mamilioni kama watu waliopata pancha wakienda mnadani. Kilometa 45 hivi zilikuwa zimebaki na akaenda peke yake mpaka mwisho, Flanders yake ya tatu baada ya 2020 na 2022. Watu wakasema ana nguvu za ajabu. Anazo kweli, ila kabla ya kuangalia kilima rudisha video nyuma kidogo uone nani alikuwa wapi kwenye ile kona ya chini.

Kwa hiyo hiyo vita ya kugombea nafasi ndo inavunja watu mabega. Mwaka 2023, kijana mmoja wa Poland alitaka kusogea mbele kwa kupitia pembeni kwenye majani, akakutana na dimbwi, baiskeli ikamrudisha barabarani kama imesukumwa, akabomoa karibu nusu ya kundi, yeye akaondolewa kwenye resi siku hiyohiyo. Watu wa mtandaoni walimtukana sana. Mimi sikumtukana. Yule kijana hakuwa amechanganyikiwa, alikuwa anafanya kazi aliyoajiriwa kufanya, kumpeleka kiongozi wake mbele kabla ya njia kuwa nyembamba, alichagua vibaya mahali pa kuifanyia tu.

Hapa ndo inabidi niongelee timu, maana watu wa mpira hua wananiuliza "sasa kama mshindi ni mmoja timu ya nini?" Kila timu inaingiza watu 7. Mmoja au wawili ndo viongozi, waliobaki ni wasaidizi. Ukikaa nyuma ya mwenzako upepo anaukata yeye, na wewe unaokoa karibu theluthi ya nguvu, ukiwa katikati ya kundi unaokoa hata zaidi. Sasa msaidizi kazi yake ni kuwa ukuta wa kiongozi kwa masaa manne matano, amletee chupa za maji, amrudishe kundini akipata pancha, halafu kilometa 5 kabla ya mahali muhimu aanze kumpandisha pembeni mpaka mbele, akifika mbele akanyage mpaka aishiwe, amuachie mwenzake, na yeye anayefuata hivyohivyo, mpaka yule wa mwisho anamfikisha kiongozi kwenye kona akiwa wa tatu au wa nne. Hapo wasaidizi wamekufa kabisa. Wanapotea. Utaona wanaingia mwisho dakika 15 nyuma au wanapanda gari la timu, na jina lao halitajwi popote, ila kwenye timu mtu wa namna hiyo analipwa vizuri na anagombaniwa. Kuna na mtu wa kusoma barabara, mkongwe, anayejua baada ya kanisa fulani kuna kona ya kushoto na upepo hua unatoka upande gani, huyo anaweza asiwe na nguvu hata robo ya kiongozi lakini ndo anapiga kelele nani asogee lini.

Upepo nao usiuchukulie poa. Ukivuma kwa pembeni kundi haliwezi kujificha nyuma, inabidi wajipange mshazari barabarani, na barabara ikijaa kwenye huo mshazari aliyebaki nje anakaa ukingoni bila hifadhi yoyote. Dakika mbili hivi anakatika. Hilo linafanyika sana kule De Moeren karibu na pwani, kwenye Gent-Wevelgem, ambayo siyo Monumenti lakini ni resi kubwa kweli (na wataalamu waliacha kuanzia Gent, mpaka 2025 wanaume walianzia Ypres, tangu 2026 ni Middelkerke na jina nalo limebadilishwa, msiniulize).

Na kwa kuwa nimeitaja Gent-Wevelgem siwezi kuruka 2022. Biniam Girmay wa Eritrea, miaka 21, hakuwa kwenye mpango wa kukimbia siku ile, alikuwa arudi nyumbani kumuona mkewe na mtoto. Ijumaa yake alimaliza wa tano kwenye E3, resi nyingine ya huku Ubelgiji, timu ikamwambia baki. Jumapili akabaki na watu watatu mbele, Christophe Laporte, Dries Van Gestel na Jasper Stuyven, na kwenye mita 250 hivi za mwisho akaanza sprinti mapema kuliko walivyotegemea, wakamfuata wakashindwa kumpita. Mwafrika wa kwanza kushinda hiyo resi, na mweusi wa kwanza kushinda resi kubwa ya mawe Ubelgiji. Watu wanakumbuka sprinti, na ni haki yao, ila mimi nikiangalia tena naangalia pale alipoamua kuondoka na hao watatu, zikiwa zimebaki kilometa 20 na kitu, wakati vigogo nyuma wanaangaliana nani afanye kazi. Aliona mlango unafungwa akapita, na hiyo akili hufundishwi kwenye mashine ya mazoezi.

Haya, Roubaix, na hapa ndo fundi anapata usingizi kwa mafungu.

Paris-Roubaix haianzii Paris, inaanzia Compiègne, kaskazini ya Paris, na inaishia kwenye uwanja wa baiskeli wa Roubaix karibu na mpaka wa Ubelgiji. Kilometa 260 hivi, na kati ya hizo kama 55 ni mawe, yamegawanywa vipande karibu 30. Mawe ya Flanders ni mabaya ila yamepangwa, ya Roubaix ni barabara za mashambani za trekta, jiwe limeinuka huku, pengo kule, katikati pamevimba kama mgongo na pembeni ni vumbi au tope. Ilianzishwa na wenye viwanda wawili wa nguo wa Roubaix, Théodore Vienne na Maurice Perez, waliojenga uwanja wakataka watu waujue. Jina la Jehanamu ya Kaskazini wala halikutokana na mawe, lilitoka 1919, vita vya kwanza vya dunia vimeisha juzi tu, waandishi wakaenda kukagua njia wakakuta miti imeungua, mashimo ya mabomu na vijiji vimelala chini.

Baadaye barabara zikaanza kuwekwa lami, na waandaaji wakajikuta wanatafuta barabara mbovu badala ya nzuri, ndo mwaka 1968 wakaonyeshwa ule msitu wa Arenberg. Aliyewaonyesha ni Jean Stablinski, bingwa wa dunia wa 1962, mtoto wa wahamiaji wa Kipolandi ambaye kabla ya baiskeli alifanya kazi kwenye mgodi wa makaa ya mawe uliopita chini ya palepale. Leo kuna chama cha wapenzi wa resi, wanajitolea, wanang'oa mawe na kuyapanga upya kila mwaka yasizidi ubovu unaotakiwa, na kwenye Arenberg wamewahi kuleta mbuzi wale majani yaliyoota katikati ya mawe, maana yakilowa yanateleza. Siku nyingine nitaandika kuhusu hao mbuzi tu.

Arenberg ina kilometa 2 na zaidi, imenyooka kama rula, na kundi lilikua linaingia pale kwa spidi ya 60 na ushee kwa sababu kila mtu anataka kuwa mbele. Johan Museeuw alianguka humo 1998, goti likasagika, kidonda kikaoza mpaka madaktari wakaogopa mguu utakatwa. Mwaka 2000 akaja kushinda resi hiyohiyo, anavuka mstari ameinua mguu anauonyesha kwa kidole. Mwaka 2024 kwa ombi la wapanda baiskeli wenyewe waliweka kona ya makusudi kabla ya msitu ili kupunguza spidi, ikazua ubishi mkubwa, Van der Poel mwenyewe akauliza kwa maandishi kama huo ni utani. Kona ilipunguza spidi, ila vita ya nafasi haikupungua, ilisogea nyuma tu, badala ya kugombea mlango wa msitu watu wakagombea mlango wa kona.

Sasa baiskeli yenyewe. Miaka ya 90 mtu alikuwa anaenda resi ya kawaida na tairi la milimita 23 limejazwa upepo mpaka PSI 100 na zaidi, gumu kama fimbo, na hata Roubaix wengi walipanda 24 mpaka 28, tairi za kugundisha na gundi kwenye rimu. Imani ilikuwa gumu ndo linakimbia. Siyo kweli. Kwenye mawe tairi gumu linaruka, na likiwa hewani halisukumi kitu, kila mruko ni nguvu umeitupa. Tairi pana lenye upepo mdogo linalala juu ya jiwe, linabonyea na kurudi, na baiskeli inaendelea mbele. Leo tunaweka milimita 30 mpaka 35, tyublesi (haina mpira wa ndani), dawa ya pancha ndani, presha PSI 50 hivi na mtu mwepesi anashuka chini ya hapo, nyuma unaacha kidogo zaidi ya mbele kwa sababu uzito uko nyuma. Wengine wanaweka sponji ndani ya tairi ili hata ikipasuka uendelee kupanda mpaka umkute mtu wa timu mwenye gurudumu. Kuna timu zimeshajaribu mfumo wa kupunguza upepo ukikaribia mawe na kuujaza tena ukirudi kwenye lami, huku unapanda, kwa kubonyeza kitufe. Nilipoona kwa mara ya kwanza niliguna tu.

Tatizo la presha ni kwamba hakuna jibu moja. Ukishusha sana unapiga rimu kwenye ncha ya jiwe, kaboni inapasuka na siku imeisha. Ukipandisha sana mikono inakufa ganzi kabla hujafika Mons-en-Pévèle, kipande kingine kigumu cha mawe. Ndo maana timu zinaenda kupanda njia siku 2 au 3 kabla, wanajaribu, wanarudi kwenye gari, fundi anatoa upepo kidogo, wanarudia tena, na mpanda anasema "bado" bila kueleza bado nini, na wewe fundi inabidi uelewe. Halafu usiku kunanyesha na hesabu yote inabadilika. Vitu vingine ni vidogo lakini vina maana: tepu ya usukani inafungwa mara mbili, vishikio vya chupa vinawekewa kitu cha kukwaruza ili chupa isiruke (kipande cha kwanza cha mawe hua kimetapakaa chupa kama baada ya harusi), gia ya mbele kubwa meno 54 au 56 maana njia ni tambarare. Na breki za diski zimefanya kubadilisha gurudumu kuwe taratibu, kwa hiyo siku hizi mtu akipata pancha hua anachukua baiskeli nzima, kama gari la timu liko mbali anachukua ya msaidizi mwenye urefu sawa na yeye, msaidizi anabaki pale barabarani ameshika baiskeli mbovu akisubiri.

Na gari hua mbali kweli, hapo tunarudi kwenye nafasi. Magari ya timu yanapita nyuma ya kundi kwenye barabara hizohizo nyembamba, kundi likishakatika vipande vipande gari haliwezi kupita watu, kwa hiyo ukipata pancha uko wa 5 una muda wa kuhudumiwa na kurudi kabla kundi la nyuma halijakupita lote. Ukiipata uko wa 70 umeisha. Mtu wa mbele pia anaona jiwe baya mapema, anachagua mstari juu ya mgongo wa njia, wa nyuma anaona makalio ya mwenzake na vumbi. Wanaoita pancha bahati mbaya wako sahihi nusu, kwa sababu bahati inakaa zaidi na walioko mbele.

Kuna njia nyingine ya kukwepa hiyo vita na ndo inanifurahisha zaidi: kuondoka mapema asubuhi na kikundi ambacho vigogo wanakidharau. Ukiwa mbele dakika 3 unaingia kila kipande cha mawe na watu 10 tu, hakuna msukumano. Mathew Hayman wa Australia, 2016, alikuwa amevunjika mkono mwezi wa pili, akafanya mazoezi garini kwake, namaanisha kwenye gereji, juu ya mashine, akaja Roubaix bila mtu kumtegemea chochote, akaondoka na kikundi cha mapema. Vigogo walipomfikia yeye alikuwa bado mzima. Mwisho wakaingia uwanjani watano, yumo Tom Boonen aliyekuwa anatafuta ya tano ambayo hakuna mtu amewahi kufikisha, Hayman akawapiga sprinti. Sura yake pale mwisho anaangalia huku na huku kama anaulizia njia. Johan Vansummeren naye 2011 alitoka kwenye kikundi kilichowatangulia vigogo, akamaliza kilometa za mwisho tairi la nyuma likiwa linaisha upepo, akashinda.

Sanremo ni mnyama mwingine kabisa, karibu kilometa 290, masaa 6 na zaidi ya kupanda bila kitu kutokea halafu dakika 20 za wazimu. Kilima cha mwisho, Poggio, kina kilometa 3.7 na mwinuko kwa wastani hata asilimia 4 haufiki, mtu mzito anaweza kupanda bila shida, ndo maana ni resi rahisi kuliko zote kumaliza na ngumu kuliko zote kushinda. Mawe hakuna, ila njia ya kuingilia Cipressa (kilima kinachotangulia) na Poggio inatoka kwenye barabara kuu ya pwani na kuwa nyembamba ghafla, na mchezo ni uleule. Tadej Pogačar wa Slovenia aliyeshinda karibu kila kitu alimaliza wa tatu 2024 na wa tatu tena 2025, kwa sababu kilima hakina mwinuko wa kutosha kuwatupa watu wazito wenye nguvu, alishambulia kutoka Cipressa 2025 na bado Van der Poel na Filippo Ganna wakamng'ang'ania mpaka Via Roma, mtaa wa mstari wa mwisho.

Liège na Lombardia sitakaa nazo sana, ni resi za milima mirefu, huko miguu na mapafu vinaongea zaidi na nafasi inapungua thamani. Lombardia Pogačar ameshinda mara 5 mfululizo, 2021 mpaka 2025. Mashindano ya dunia ya Kigali 2025 yalikuwa ya aina hiyo hiyo: kilometa 267.5, mita 5,475 za kupanda, mji wenyewe uko juu kwenye mita 1,500 hivi, na waliomaliza ni 30 tu. Pogačar alishambulia kwenye Mlima Kigali zimebaki kilometa 104, akashinda mbele ya Remco Evenepoel na Ben Healy. Watu walijaa kwenye mawe ya Kimihurura kiasi kwamba wenzangu wa karakanani waliokuwa wanabisha kwamba mawe ni ya Flanders peke yake walinyamaza kidogo. Kwenye mwinuko wa namna ile hata ukiwa wa 50 utapita tu kama una miguu, kwa hiyo hoja yangu ya nafasi Kigali haifanyi kazi sana, nakubali.

Ila mdau mmoja ameniuliza kama kuna resi iliyoshindwa kwa nafasi peke yake, nami jibu ninalo. Oktoba 2021, Paris-Roubaix ya kwanza ya wanawake, mvua na tope. Lizzie Deignan wa Uingereza hakuwa kiongozi wa timu siku hiyo. Kazi aliyopewa ilikuwa kuingia kwenye kipande cha kwanza cha mawe akiwa mbele ili wenzake wawe salama. Akaingia wa kwanza, akatoka upande wa pili, akageuka kuangalia nyuma, hakuna mtu. Hakuwa amepanga kuchomoka. Kilometa 82 zilikuwa zimebaki, akaendelea tu, baiskeli ikamteleza mara kadhaa hakudondoka, hakuvaa glavu na tepu ya usukani ikawa nyekundu kwa damu ya viganja. Marianne Vos, anayetajwa na wengi kama mpanda baiskeli bora wa kike wa muda wote, alikuja kumfukuza vipande vya mwisho akiwa na kasi kuliko yeye, akaingia uwanjani wa pili, dakika 1 na sekunde 17 nyuma.